Bakora, Leta

Morogoro. Jumapili, 1 Juni 2025

Mama amekubali kwa masharti. Mbwa aishie barazani na sebuleni, jikoni asionekane, na asiguse chombo cha kulia. Akivunja hata moja anarudi uani. Nikajibu "sawa, Mama" upesi kabla hajafikiria sharti la nne.

Chanzo ni magoti yake. Kusimama anasimama, kutembea anatembea, lakini kuinama hawezi tena, na kutwa vitu vinamponyoka. Bakora inateleza kutoka ukutani, ndala ya kushoto inazama chini ya kochi, taulo linaanguka kutoka begani. Nikiwa sokoni anakaa ananisubiri. Mpwa wangu akirudi shule ndiye muokotaji. Popi naye yupo nyumbani siku nzima, kazi hana, mdomo anao.

Popi ni koko. Jike, kahawia, mkia umejikunja, sikio moja limesimama na jingine limelala. Chanjo ya kichaa cha mbwa amechomwa, cheti nimekibandika ndani ya jalada la daftari hili. Dawa ya minyoo amepewa wiki iliyopita. Mdomo utakaoshika vitu vya mtu mzima hauanzi kazi bila hayo mawili.

Jumatano, 4 Juni

Nimesoma mpaka umeme ukakatika, nikamalizia kwa tochi ya simu.

Mbwa aliyeanzisha mjadala wa mbwa na majina ya vitu ni Rico wa Ujerumani, border collie, jamii ya mbwa wachunga kondoo. Akiwa na miezi 10 alilazimika kupumzika, na wenyewe, ili asichoke kukaa ndani, wakawa wanamtawanyia vitu humo nyumbani na kumtuma avilete kwa majina. Mchezo ukakua. Mwaka 2004 Juliane Kaminski na wenzake wa Taasisi ya Max Planck, Leipzig, walichapisha katika jarida la Science kwamba Rico anajua majina ya vitu zaidi ya 200. Kubwa zaidi, walipochanganya kitu kigeni na vile anavyovijua, kisha wakataja jina ambalo hajawahi kulisikia, mara nyingi alileta kile kigeni. Yaani aliondoa vyenye majina, akabaki na kisicho nalo.

Akafuata Chaser wa South Carolina, Marekani. Mwalimu wake alikuwa John Pilley, profesa mstaafu wa saikolojia. Alimfundisha kwa miaka mitatu, saa nyingi kila siku, na katika ripoti aliyoandika na Alliston Reid mwaka 2011 hesabu ya vitu ni 1,022. Pilley mwenyewe hakuweza kuyakumbuka majina hayo, ikabidi aandike kila kitu jina lake kwa wino usiofutika. Hapo ndipo nilipompenda yule mzee. Na jambo jingine: aliwahi kuamini, na kuwafundisha wanafunzi wake, kwamba mbwa hawajui majina ya vitu. Wafugaji wa kondoo ndio waliombishia, wakisema mbwa wao wanamjua kondoo mmoja mmoja kwa jina lake.

Mimi sitaki 1,022. Nataka vinne: ndala, bakora, taulo, funguo.

Jumamosi, 7 Juni

Vifaa: kalamu ya kubonyeza na mfuko wa dagaa wa Mwanza.

Kalamu ni kwa ajili ya mlio wake. Mbwa akifanya sawasawa, nabonyeza papo hapo, kisha ndipo dagaa. Ukitegemea dagaa peke yake unachelewa: mkono uende mfukoni, utoke, na mpaka ufike mdomoni mbwa ameshageuka kumtazama kuku, naye anadhani amelipwa kwa kumtazama kuku. Mlio unaitaja nukta yenyewe. Dagaa ni malipo ya ahadi iliyokwisha kutolewa.

Watu wa Morogoro hatupaswi kushangaa hili. Pale Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, shirika la APOPO limekuwa likifundisha panya buku kwa mlio na kipande cha ndizi au karanga, mpaka panya ananusa baruti ardhini na kifua kikuu kwenye makohozi. Magawa, aliyezaliwa hapa Tanzania na kufanya kazi Kambodia, alipewa nishani ya dhahabu na shirika la PDSA la Uingereza mwaka 2020. Panya mwenye nishani! Na mtu wa hapa hapa ananiuliza kama mbwa koko anaweza kufundishika.

Leo kazi ilikuwa mlio na dagaa tu, mlio na dagaa, bila kumwomba chochote. Jioni nilibonyeza kalamu nikiandika orodha ya soko, Popi akaja mbio kutoka uani.

Jumatano, 11 Juni

Tumeanzia mwisho. Kuleta kuna sehemu nne: kwenda, kuokota, kubeba, kuachia mkononi. Watu huanzia kwenye kwenda, wanarusha kitu, mbwa anakimbia, anakishika, kisha anazunguka nacho uwanja mzima na mchezo unakuwa wa kumfukuza. Kwa hiyo kwanza kuachia. Nampa ndala mdomoni, natanguliza kiganja chini ya kidevu chake, akiachia tu, kalamu. Baadaye hatua moja, baadaye hatua mbili.

Faida yake ni kwamba kila anapoongeza sehemu mpya mwanzoni, anamalizia na sehemu anayoijua na inayolipa. Anaelekea nyumbani siku zote.

Mama anatazama kutoka kochini bila kusema kitu. Ameshaomba ndala zake zioshwe mara mbili.

Jumapili, 15 Juni

Majina. Nimekaa na karatasi nusu saa baada ya kanisa.

Kiswahili chetu hakimhurumii mbwa. Kiatu, kikapu, kikombe, kitabu, kitambaa, vyote vinaingia kwa mlango mmoja, na mbwa anayekurupuka kwa sauti ya kwanza hana cha kushika. Hali kadhalika mto, mkoba, mtandio, mkongojo. Ndiyo maana vinne vyangu vinaanza kila kimoja kivyake: nda, ba, ta, fu. Nilitaka fimbo ya Mama tuiite "fito" ili neno liwe fupi. Akaniambia hiyo ni bakora ya marehemu baba yako, haibadilishwi jina kwa ajili ya mbwa. Basi bakora. Kumbe "ba" inapasuka vizuri mdomoni kuliko "fi", tena ingegongana na funguo.

Kazi iliyobaki ni watu. Mpwa anasema malapa, mgeni wetu wa Tanga anasema kandambili, mimi ndala. Kuanzia leo ndani ya nyumba hii ni ndala. Nimebandika orodha mlangoni.

Jumapili, 22 Juni

Nimegundua Popi anaondoka kabla sijamaliza sentensi. Nikisema "leta ndala", kwa "leta" ameshasimama, kwa "ndala" ameshafika nusu ya sebule. Jina la kitu linamkuta mgongoni. Sarufi yetu inatanguliza kitendo, na kitendo ndicho kinachomrusha.

Nimegeuza: "Ndala, leta." Sasa jina linatangulia, anainua lile sikio lililosimama, anatulia, na "leta" inakuwa ruhusa ya kwenda. Si Kiswahili cha kuandikia barua, lakini kinafanya kazi.

Halafu kuna "lete", "niletee", "kalete", "hebu nipe". Sisi tunasikia ombi moja. Yeye anasikia sauti nne. Nikaongeza kwenye karatasi ya mlangoni: LETA TU. Chini yake kwa herufi kubwa zaidi: "KAMATA" MARUFUKU. Hilo ni neno la watoto wa mtaa wanapomchochea kwa kuku.

Jumapili, 29 Juni

Ndala: safi. Lakini ipo peke yake sakafuni, kwa hiyo sijui kitu bado. Ningesema "serikali, leta" angeleta ndala.

Jumapili, 6 Julai

Vitu viwili. Hapa ndipo somo lenyewe linapoanza.

Ndala na bakora, mita mbili kutoka tulipo. Siku ya kwanza alileta ndala kwa kila neno. Ya pili alileta kile nilichokitaja mara ya mwisho. Ya tatu akaamua kuchukua cha kushoto, chochote kiwacho. Mbwa si mjinga: anatafuta kanuni rahisi kuliko yote inayompa dagaa, na majina ni kanuni ngumu. Kazi ya mwalimu ni kuzifunga njia za mkato moja baada ya nyingine. Nafasi ya vitu nabadilisha kwa kurusha sarafu, kwa sababu nikibadilisha kwa akili yangu nitakuwa na mtindo, naye ataujua mtindo wangu kabla yangu. Cha kuitwa nachomoa kwenye kopo lenye vikaratasi.

Akikosea simkaripii. Napokea, naweka chini, nanyamaza kidogo, tunaanza upya. Kukaripia kunamfundisha kwamba kuleta kuna hatari, na mbwa mwenye hofu hujilinda kwa kutoleta kabisa.

Na vitu viwili ni nusu kwa nusu. Mbwa asiyejua lolote atapata nusu. Watu wanaokuonyesha video ya mbwa "anayejua majina" akiwa mbele ya vitu viwili wakulipe nauli.

Jumapili, 13 Julai

Mzee wa nyumba ya pili alikuja kumjulia Mama hali. Zamani alikuwa akifundisha madrasa. Alikaa barazani, bakora yake ya mpingo ameiegemeza kwenye nguzo, Popi nimemfungia uani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Nasikia mnasomesha mbwa."

Nilitarajia kusutwa. Badala yake akasema mbwa aliyefunzwa ana habari yake ndani ya Surat al-Maida, aya ya 4, ambapo windo lililokamatwa na mnyama wa kuwinda aliyefunzwa limehalalishwa. "Mafunzo yanambadilishia mnyama hukumu," akasema. Ila mate ni mate: kwa Mashafii, alichokitia mbwa ulimi huoshwa mara saba, mojawapo kwa udongo. Kwa hiyo taulo lisiwe la mtu atakayeswali nalo, na bakora yake akija itundikwe juu. Nikamwahidi msumari.

Alipoomba kuona, nilimfungulia Popi kwa mbali. Bakora, leta. Ndala, leta. Bakora. Zote sawa. Mzee akakaa kimya kidogo, kisha akauliza swali ambalo nililiandika moja kwa moja mkononi kwa kukosa karatasi: "Anafuata neno, au anafuata macho yako?"

Jumamosi, 19 Julai

Swali la mzee lina umri wa zaidi ya miaka 100.

Berlin, mwanzoni mwa karne ya 20, mstaafu mmoja, Wilhelm von Osten, alikuwa na farasi aliyeitwa Hans. Farasi alijumlisha, akagawanya, akataja tarehe, yote kwa kugonga kwato. Mwaka 1904 iliundwa kamati ya kumchunguza, isione udanganyifu wowote. Ndipo Oskar Pfungst akafanya jambo dogo: akaweka waulizaji wasiojua jibu. Hans akashindwa. Ikaonekana kwamba anayejua jibu huinamisha kichwa kidogo akisubiri, na kwato zikifikia idadi inayotakiwa, anajiinua bila kujua. Farasi alikuwa akisoma kichwa cha mtu. Von Osten hakuwa tapeli, na hilo ndilo linalonitisha: mtu mwaminifu kabisa anaweza kumtajia mnyama jibu kwa mwili wake wote.

Mbwa kwa hili anamzidi farasi mbali. Brian Hare na wenzake walionyesha mwaka 2002 kwamba mbwa hufuata vizuri zaidi kidole na macho ya mtu kutafuta chakula kilichofichwa kuliko hata sokwe, na vitoto vya mbwa hufanya hivyo vikiwa bado vidogo. Kwa Popi, macho yangu ni lugha ya kwanza na Kiswahili ni ya pili.

Pilley alilijua hili, ndiyo maana katika majaribio vitu vya Chaser vilikaa asipoonekana mtu anayetaja majina. Nami nitatundika pazia kati ya chumba changu na sebule.

Jumapili, 27 Julai

Habari mbaya kutoka Budapest, si ya leo ila mimi nimeipata leo. Claudia Fugazza na wenzake wa Chuo Kikuu cha Eötvös Loránd waliwafundisha mbwa 40 majina ya vitu viwili tu, kwa miezi mitatu, kwa mchezo na uvumilivu. Mbwa wa kawaida karibu wote waliambulia patupu. Waliofaulu walikuwa wachache, wengi wao wakiwa tayari wanajulikana kwa kipaji hicho. Umri haukusaidia: watoto wa mbwa hawakuwapita wazee. Kwa maneno mengine, kina Rico na Chaser ni nadra, na sababu yao haijulikani. Border collie wamejaa kati yao, lakini border collie wengi hawawezi.

Basi Popi wangu, koko wa sikio moja, ana uwezekano gani?

Nimeifunga simu, nikaifungua tena, nikakuta utafiti mwingine wa mji huohuo, wa 2024. Mbwa 18 waliwekewa vipokeo vya umeme kichwani. Walisikia sauti ya mwenye mbwa ikitaja kitu, kisha wakaonyeshwa kitu hicho au kingine. Ubongo uliitika tofauti pale neno na kitu visipolingana, na uliitika hivyo hata kwa mbwa ambao hawajulikani kwa kuleta vitu kwa majina. Nimelisoma hilo mara mbili. Kwa hiyo kujua na kuleta ni mambo mawili. Huenda mbwa anajua jina na asione sababu ya kujisumbua.

Mama akauliza nimenuna nini. Nikamwambia Wahungari wamesema haiwezekani. Akasema Wahungari hawajamwona Popi.

Ijumaa, 8 Agosti

Nane Nane. Mtaa wote umeelekea uwanja wa maonyesho, nyumba imetulia kwa mara ya kwanza tangu Juni. Ndiyo siku ya pazia.

Utaratibu: vitu vinne vyote viguswe na sisi sote watatu, ili harufu mpya ya mkono isimtajie kipi ninachokitaka. Mpwa avipange kwa kura, kisha atoke uani. Mimi niwe chumbani nyuma ya pazia, nisione mpangilio, nichomoe kikaratasi na kusema jina kwa sauti moja. Simu irekodi. Mama akae barazani na mlango ufungwe, maana uso wa Mama hauwezi kuficha siri. Kwa vitu vinne, kubahatisha kunatoa robo.

Matokeo kama yalivyo kwenye simu. Ndala: karibu kila mara. Bakora: karibu kila mara, na mara moja aliizunguka, akarudi kwenye pazia kunitafuta, kisha akaenda kuileta. Taulo: halizidi kubahatisha. Funguo: hajazileta kwa jina hata mara moja, alizileta tu vitu vingine vilipokwisha, akizibeba kwa ncha ya meno. Chuma hakipendi.

Kwa hiyo ana majina mawili ya kweli. Mpwa alitaka nihesabu na taulo kwa sababu "anajua ila hataki". Inawezekana. Lakini pazia halipimi nia.

Baadaye, kwa udadisi, nilitupia kifuu cha nazi katikati, kitu ambacho hakijawahi kuwa darasani. Nikataja neno la kubuni, akaleta kifuu. Mpwa akapiga vigelegele: Rico! Nikataja ndala, akaleta kifuu. Bakora, kifuu. Mbwa anapenda kipya, na ukitaka kudai kwamba ameondoa vyenye majina, lazima kwanza umwite kwa majina ya zamani huku kipya kipo. Kifuu kimerudi jikoni.

Jumamosi, 23 Agosti

Leo imetokea tuliyoiogopa, na imenifundisha kuliko Nane Nane.

Mzee alikuja, msumari ulikuwa na mwavuli wa mpwa, akaegemeza bakora yake kwenye nguzo kama zamani. Mama akiwa ndani akaangusha ya kwake nyuma ya kabati. Nami bila kujua kwamba ya mzee iko kwenye nguzo nikasema kutoka jikoni: "Bakora, leta." Popi akatafuta sebuleni, hakuiona, akatoka barazani, akaishika ile ya mpingo katikati, akamletea Mama mapajani.

Kimya. Mzee akaitazama bakora yake ikimetameta mate. Nikaanza kuomba radhi, akaninyamazisha kwa mkono. "Kwanza niambie. Hiyo ya mama yako anaijua kwa jina. Hii yangu nani alimwambia ni bakora?"

Na hilo ndilo swali. Mpaka jana ningesema kwa Popi "bakora" ni kile kipande kimoja cha mti, chenye mpira chini na kitambaa mshikioni, basi. Bakora ya mzee ni nyeusi, laini, haina mpira wala kitambaa. Kumbe ameitanua. Lakini kwa kigezo gani? Mtoto wa mtu ukimfundisha "mpira" ataita mpira kila kilicho duara, anafuata umbo. Huko Lincoln, Uingereza, Emile van der Zee na wenzake walimpima border collie aitwaye Gable, wakachapisha mwaka 2012: Gable alitanua jina kwa ukubwa wa kitu kwanza, alipozoea zaidi akafuata jinsi kitu kilivyo kikiguswa, umbo hakulijali. Inaingia akilini kwa kiumbe anayekijua kitu kwa mdomo. Bakora hizi mbili zinalingana urefu na unene. Labda kwa Popi bakora ni "kile kirefu kinachojaa mdomo kwa kukingama".

Mzee aliosha mwenyewe kwenye bomba la uani, mara saba, moja kwa udongo wa bustani ya mchicha, akihesabu kwa sauti ili mpwa ajifunze. Alipomaliza akataka jaribio. Tukaleta mpini wa jembe, mrefu vilevile: Popi akauleta kwa jina la bakora. Mwiko wa ugali: akaunusa, akauacha. Ufagio wa chelewa: akauacha. Mzee akaniambia niandike, nami naandika. Mbwa mmoja, alasiri moja, si utafiti. Lakini ufagio una urefu uleule, unene ndio tofauti, nao ameukataa.

Msumari wa pili nimepigilia, mrefu zaidi, na mwavuli umehamishwa.

Jumapili, 31 Agosti

Kampeni zimeanza. Magari ya vipaza sauti yanapita asubuhi na jioni, na Popi anaitikia kila chama bila upendeleo. Hakuna somo lililofika mwisho wiki hii. Nimerudisha vitu viwili badala ya vinne, vipindi vifupi, tunaacha akiwa bado anataka.

Funguo nimezifunga utepe wa kitenge. Anashika kitenge.

Jumapili, 14 Septemba

Nilirudi kutoka kanisani mapema, nikasimama mlangoni bila kuonekana.

Mama, kochini: "We Popi. Hebu nipatie hilo taulo, mwanangu, limeniangukia tena." Kila kosa la karatasi ya mlangoni ndani ya sentensi moja. Kitendo mbele, maneno ya ziada, "nipatie". Popi akaenda akaleta taulo. Malipo: kipande cha mkate kilichochovywa kwenye chai.

Kalamu hana, sarafu hana, kopo la vikaratasi hana. Nikauliza tangu lini. "Tangu ulipompa mtihani akafeli taulo. Nilimwonea huruma." Anamfundisha nikiwa sokoni. Nilipotazama vizuri nikaona anavyofanya: akishasema, anageuza uso wote kuelekea taulo, ananyamaza, na anasubiri. Popi anafuata ule uso. Ni Hans mtupu.

Nikajaribu kumweleza Mama kwamba mbwa hajui neno taulo. Akajibu kwamba yeye anataka taulo, hataki neno. Kwake yeye hakuna pazia. Yupo hapohapo, macho yake yapo, na kitu kimeanguka mbele yake. Pale ambapo hawezi kukiona, nyuma ya kabati au chini ya kochi, ndipo jina linahitajika, na kwa ndala na bakora jina lipo. Nimefuta LETA TU kwenye karatasi, nimeacha MARUFUKU ya kamata.

Jumapili, 28 Septemba

Siku ya Kichaa cha Mbwa Duniani, tarehe aliyofariki Louis Pasteur mwaka 1895. Nimefungua jalada kutazama cheti cha Popi: chanjo ya kurudia inaangukia mwezi ujao.

Pazia jana, na mzee akiwa shahidi kwa ombi lake mwenyewe. Ndala na bakora zimesimama. Funguo kwa kitenge zimepanda, sasa zinazidi kubahatisha waziwazi, ingawa sijui kama "funguo" kwake ni funguo au ni kitenge. Nimeweka kitambaa kingine cha kitenge kisicho na funguo kwa ajili ya wiki ijayo. Taulo bado, kwa pazia.

Mpwa alipendekeza kichupa cha dawa za presha kiwe cha tano. Nimekataa, na nimeandika hapa ili nisije nikashawishika: meno yanayoweza kubeba kichupa yanaweza kukivunja, na vidonge vya mtu vinaweza kumuua mbwa. Dawa ibaki kwenye rafu, usawa wa mkono wa Mama.

Mama yeye anataka rimoti, apate kuzima taarifa ya habari bila kuinuka. Tutaanza Jumatatu. Nitaivisha soksi.